Lafudhi na Heshima: Maisha na Kazi ya Mwigizaji Sidney Poitier, 1927–2022

Habari za Sidney Poitier zimeandikwa mara nyingi, na aghalabu huandikwa kama sura moja ya historia ya rangi nchini Marekani. Yeye ndiye mtu mweusi wa kwanza kutunukiwa tuzo ya Oscar ya mwigizaji bora wa kiume, na hapana shaka kwamba jambo hilo linastahili kukumbukwa. Hata hivyo, kwa msomaji ambaye kazi yake ni lugha, maisha ya mtu huyu yana upande mwingine usiotajwa ila kwa kupita. Mlango wa kwanza wa sanaa uliofungwa mbele ya Poitier haukufungwa na Mzungu. Ulifungwa na mtu mweusi kama yeye, katika mtaa wa watu weusi, kwa sababu mbili: hakujua kusoma vizuri, na matamshi yake yalikuwa ya kisiwani.

Makala haya yanakusudia kuyaangalia maisha na kazi ya mwigizaji huyu kama historia ya sauti moja: ilivyokataliwa, ilivyobadilishwa, na ilivyotumiwa baadaye kuwasemea watu wengi, wakiwamo Waafrika wa kusini na wa Kenya. Mwishoni tutauliza historia hiyo inatufunza nini sisi tunaofundisha Kiswahili na kuwapima wengine kwa jinsi wanavyokisema.

Asili yake

Poitier alizaliwa tarehe 20 Februari 1927 mjini Miami, katika jimbo la Florida. Wazazi wake, Reginald na Evelyn, hawakuwa wenyeji wa huko. Walikuwa wakulima wa nyanya wa Cat Island, kisiwa kimojawapo cha Bahamas, nao walikuwa wamevuka bahari kwenda kuuza mazao yao. Mtoto akazaliwa kabla ya miezi kutimia. Alikuwa kitinda mimba katika watoto saba, na kwa kuzaliwa katika ardhi ya Marekani alipata uraia wa nchi ambayo hakulelewa ndani yake.

Alikulia Cat Island mpaka alipotimiza miaka kumi, kisha jamaa yake ikahamia Nassau, mji mkuu wa Bahamas. Masomo aliyoyapata yalikuwa machache mno. Lugha yake ilikuwa Kiingereza cha visiwani, chenye mdundo na matamshi yake, lugha iliyotosha kabisa kwa mambo yote ya nyumbani kwao. Wakati huo Bahamas ilikuwa koloni la Uingereza, na uhuru haukupatikana mpaka tarehe 10 Julai 1973. Hivi basi, mtu ambaye ulimwengu ulikuja kumjua kama Mmarekani alikuwa, kwa malezi yake, mtoto wa koloni la Mwingereza, kama walivyokuwa wazee wetu wengi.

Alipokuwa na umri wa miaka 15 alipelekwa Miami kuishi na ndugu yake. Huko alikutana kwa mara ya kwanza na sheria za ubaguzi za majimbo ya kusini, na hakuzistahimili. Mwaka uliofuata alikwenda New York, akawa anaosha vyombo katika mikahawa. Alidanganya umri wake akaingia jeshini, akatumwa katika hospitali moja ya askari wagonjwa wa akili, na mwaka 1944 akaachiliwa.

Mlango wa Harlem

Baada ya kutoka jeshini Poitier alikwenda Harlem, katika American Negro Theatre. Chama hiki cha maigizo kilianzishwa mwaka 1940 na Abram Hill na Frederick O'Neal kwa nia njema kabisa: kuwapa watu weusi jukwaa lao wenyewe. Alipopewa maandishi ya mchezo ayasome, alisoma kwa kubabaika, neno baada ya neno, tena kwa lafudhi nzito ya Bahamas. O'Neal alimkatiza, akamtoa nje, akamwambia asiwapotezee watu wakati. Aende akatafute kazi ya kuosha vyombo. O'Neal hakujua kwamba hiyo ndiyo iliyokuwa kazi yake.

Yafaa tulitazame tukio hili kwa makini. O'Neal alikuwa na hoja, maana mwigizaji asiyeweza kusoma maandishi hawezi kufanya kazi. Lakini katika hukumu yake alichanganya mambo mawili yasiyo ya jinsi moja. Kutojua kusoma ni upungufu wa elimu, na upungufu huo huondolewa kwa mafundisho. Lafudhi ya mtu si upungufu wa elimu. Ni alama ya mahali alipokulia, na thamani yake hupangwa na wale wenye uwezo wa kupanga. Siku ile mambo hayo mawili yalifungwa katika kifurushi kimoja, na kijana akabebeshwa yote.

Yaliyofuata yanasimuliwa na Poitier mwenyewe katika vitabu vyake viwili vya maisha yake, This Life cha mwaka 1980 na The Measure of a Man cha mwaka 2000. Kwa upande wa kusoma, alipata mwalimu asiyemtarajia. Katika mkahawa alimokuwa akiosha vyombo mlikuwa na mtumishi wa mezani, mzee wa Kiyahudi, ambaye hatajwi kwa jina. Mzee huyu, kazi ikiisha usiku, alikaa naye na gazeti, akamwonyesha maana ya maneno, jinsi neno linavyogawanyika katika silabi, na kazi ya alama ya mkato. Kwa upande wa lafudhi, alinunua redio, akawa anawasikiliza watangazaji, hasa Norman Brokenshire, na kuyarudia maneno yao sauti kwa sauti. Kwa miezi kadhaa alijizoeza hivyo mpaka ulimi wake ukaiacha Bahamas.

Aliporudi Harlem hakupokelewa kwa sauti yake mpya peke yake. Alijitolea kufagia na kusafisha jumba bila mshahara, ili alipwe kwa masomo. Baadaye alikuwa mwigizaji wa akiba wa Harry Belafonte, mwenziwe wa asili ya visiwa vya Karibi ambaye alibaki kuwa rafiki yake maisha yao yote. Mwaka 1946 alipata sehemu ndogo katika Lysistrata, mchezo wa kale wa Kiyunani ulioigizwa na watu weusi watupu huko Broadway. Usiku wa kwanza hofu ilimshika, akayatamka maneno yake bila mpango. Watazamaji walicheka wakidhani ndivyo ilivyokusudiwa, na wahakiki wakamsifu kwa ucheshi. Mchezo wenyewe ulidumu maonyesho manne tu.

Sauti isiyo na kwao

Filamu yake ya kwanza kubwa ilikuwa No Way Out ya mwaka 1950, iliyoongozwa na Joseph L. Mankiewicz, ambamo aliigiza daktari kijana. Sehemu hiyo ilikuwa jambo geni. Mpaka wakati huo, mtu mweusi katika sinema za Marekani aghalabu alipewa lugha ya kuchekesha: Kiingereza kilichovunjwa kwa makusudi na waandishi wasiokisema, kiwekwe midomoni mwa wapishi, wachukuzi na wajakazi. Daktari wa Poitier alisema kwa ufasaha na utulivu. Kwa hakika twaweza kusema kwamba redio ile ya Harlem ndiyo iliyomwezesha kuivunja mila hiyo.

Hata hivyo, ushindi huo ulikuwa na gharama yake. Sauti aliyojitengenezea haikuwa ya Bahamas, wala ya Harlem, wala ya weusi wa kusini, wala ya Wazungu wa New York. Ilikuwa sauti safi isiyo na kwao. Kwa sababu haikuwa na kwao, wenye sinema waliiona kuwa yaweza kupelekwa popote. Ilipelekwa hata Afrika.

Afrika kwa Kiingereza

Zaidi ya mara moja katika miaka ya hamsini Poitier aliigiza Mwafrika katika ardhi ya Afrika. Mara ya kwanza ilikuwa katika Cry, the Beloved Country, filamu ya Zoltan Korda iliyotokana na riwaya ya Alan Paton ya mwaka 1948. Poitier aliigiza kasisi Msimangu, na mwenziwe Canada Lee akaigiza kasisi Kumalo. Filamu ilipigwa Afrika Kusini, na kwa kuwa serikali ya huko isingewakubali kama wasanii huru, waigizaji hao wawili waliingizwa nchini kama vibarua wa mkataba wa Korda. Yaani watu waliokwenda kuonyesha utu wa Mwafrika walilazimika kwanza kuukana wa kwao kwenye karatasi za forodhani.

Mara ya pili ilikuwa hapa kwetu. Something of Value, iliyoongozwa na Richard Brooks kutokana na riwaya ya Robert Ruark ya mwaka 1955, ilipigwa Kenya mwaka 1956, Hali ya Hatari iliyotangazwa mwezi Oktoba 1952 ikiwa bado inaendelea. Poitier aliigiza Kimani, kijana wa Kikuyu aliyekua pamoja na mtoto wa setla, Peter, aliyeigizwa na Rock Hudson. Kimani anapigwa kofi na shemeji yake Peter, anakimbilia msituni, anajiunga na Mau Mau, na mwishowe anakufa. Filamu ilitoka mwaka 1957, mwaka ule ule ambao Dedan Kimathi alinyongwa, tarehe 18 Februari.

Hadithi hiyo ilikuwa ya setla tangu mwanzo hata mwisho. Sababu ya vita imepunguzwa ikawa kofi moja na urafiki uliovunjika. Suala la ardhi limesogezwa pembeni. Ndani ya mipaka hiyo Poitier alifanya aliloweza. Kimani wake ana hasira yenye sababu na macho yenye fikira, na mtazamaji hawezi kumdharau. Lakini kwa mwanafunzi wa lugha lipo jambo kubwa zaidi. Mpiganaji wa Kikuyu anawaza, anaapa na kufa kwa Kiingereza kilichonyooshwa na redio ya New York. Kijana aliyenyang'anywa lafudhi yake Harlem aliletwa Kenya kuwasemea watu ambao wao nao lugha yao haikupewa nafasi katika hadithi yao wenyewe.

Si haki kumlaumu mwigizaji kwa jambo hilo. Hakuandika maandishi ya filamu, wala hakuchagua lugha yake. Tena uhusiano wake na Kenya haukuishia hapo. Mwaka 1959, Tom Mboya alipokuwa akitafuta fedha za kuwasafirisha wanafunzi kwenda vyuo vya Marekani, barua ya kuomba michango ilitiwa sahihi na watu watatu mashuhuri: Harry Belafonte, mchezaji Jackie Robinson, na Sidney Poitier. Ndege ya kwanza iliondoka mwezi Septemba mwaka huo na wanafunzi 81. Baadhi ya waliosafiri katika miaka ile walirudi wakawa walimu wa vyuo vikuu vyetu. Katika orodha ya deni la wasomi wa Kenya, jina la mwigizaji huyu limo.

Kuitwa Bwana

Mwaka 1958 Poitier aliigiza mfungwa aliyetoroka akiwa amefungwa mnyororo mmoja na Mzungu katika The Defiant Ones, akawa mtu mweusi wa kwanza kupendekezwa kwa tuzo ya Oscar ya mwigizaji bora wa kiume. Mwaka 1959 alirudi jukwaani katika A Raisin in the Sun, mchezo wa Lorraine Hansberry, na mwaka 1961 akauigiza katika filamu. Tuzo yenyewe aliipata tarehe 13 Aprili 1964 kwa filamu ya Lilies of the Field. Katika hadithi hiyo yeye ni Homer Smith, fundi mpitanjia anayewajengea kanisa watawa wasemao Kijerumani, na jioni huwafundisha Kiingereza. Mtu aliyefukuzwa kwa Kiingereza chake alitunukiwa kwa kumwigiza mwalimu wa Kiingereza.

Kilele cha kazi yake kilikuwa mwaka 1967, zilipotoka filamu tatu: To Sir, with Love, ambamo ni mwalimu katika shule ya maskini mjini London, Guess Who's Coming to Dinner, juu ya daktari mweusi anayeposa binti wa Kizungu, na In the Heat of the Night. Ya pili ilipigwa wakati ndoa za namna hiyo zilikuwa bado zimeharamishwa katika majimbo 16 ya Marekani, mpaka Mahakama Kuu ilipozifuta sheria hizo tarehe 12 Juni 1967.

In the Heat of the Night yatuhusu zaidi. Virgil Tibbs, mpelelezi kutoka Philadelphia, anakamatwa katika mji mdogo wa Mississippi kwa sababu tu ni mweusi na ana fedha mfukoni. Mkuu wa polisi anapomdhihaki kwa jina lake na kumwuliza huko kwao wanamwitaje, anajibu kwa kutanguliza cheo cha heshima: wanamwita Bwana Tibbs. Jibu hilo lilikumbukwa kuliko maneno yote aliyopata kuyatamka katika sinema. Msomaji wa Kenya hahitaji kufafanuliwa. Anajua kwamba katika nyumba za masetla mtu mwenye wajukuu aliitwa boi, na kwamba neno hilo limekaa katika Kiswahili chetu kama kovu. Tibbs alidai kuitwa vizuri, na baadaye tajiri wa mashamba alipompiga kofi, alimrudishia hapo hapo. Kimani wa mwaka 1957 alipigwa kofi akakimbilia msituni. Tibbs wa mwaka 1967 alirudisha. Kati ya makofi hayo mawili kulikuwa na miaka kumi ya mapambano ya haki za raia. Poitier mwenyewe alikuwamo: mwaka 1964 yeye na Belafonte walipeleka fedha kwa mkono mpaka Greenwood, Mississippi, kuwasaidia vijana walioandikisha wapigakura.

Lawama

Mwaka huo huo wa 1967, mwezi Septemba, mwandishi mweusi Clifford Mason alichapisha katika New York Times makala makali yaliyouliza kwa nini Wazungu wa Marekani wanampenda Poitier kiasi hicho. Hoja yake ilikuwa kwamba watu anaowaigiza ni wema mno, hawana mapenzi wala makosa, na kwamba wapo kwa ajili ya kutatua matatizo ya Wazungu. Lawama hiyo haikuwa tupu. Lakini ukiitazama kwa jicho la lugha utaona kwamba ilielekezwa kwa mtu ambaye alitakiwa kwanza aisafishe sauti yake ndipo asikilizwe, kisha akalaumiwa kwa usafi huo huo.

Jibu lake alilitoa kwa kazi. Kuanzia Buck and the Preacher ya mwaka 1972 alikaa mwenyewe kwenye kiti cha mwongozaji. Katika Uptown Saturday Night ya mwaka 1974 aliwaachia waigizaji weusi waseme kwa lugha ya mitaani kwao, wakitaniana bila kumtafsiria mtu. Stir Crazy, aliyoiongoza mwaka 1980, iliingiza zaidi ya dola milioni 100, jambo ambalo filamu ya mwongozaji mweusi haikuwa imelifikia kabla ya hapo. Kabla ya hiyo alirudi Kenya kwa The Wilby Conspiracy ya mwaka 1975, ambamo nchi yetu ilitumiwa badala ya Afrika Kusini ya makaburu.

Katika televisheni, ambamo alikuwa amewahi kusifiwa kwa A Man Is Ten Feet Tall ya mwaka 1955, kazi zake za uzeeni zilikuwa za wanasheria na viongozi. Mwaka 1991 aliigiza Thurgood Marshall katika Separate but Equal, juu ya kesi ya mwaka 1954 iliyoharamisha ubaguzi shuleni. Huyo ndiye Marshall aliyewashauri wajumbe wetu Waafrika katika mkutano wa Lancaster House mwaka 1960. Mwaka 1997 aliigiza Nelson Mandela. Mwaka huo huo aliteuliwa kuwa balozi wa Bahamas nchini Japani, kazi aliyoifanya mpaka 2007. Sauti iliyolazimishwa kuiacha Bahamas ilikuja kupewa amana ya kuisemea Bahamas mbele ya mataifa. Mwaka 2002 alipewa Oscar ya heshima, usiku ule ule Denzel Washington alipokuwa mtu mweusi wa pili kupata tuzo ya mwigizaji bora wa kiume, miaka 38 baada yake. Alifariki Los Angeles tarehe 6 Januari 2022, akiwa na umri wa miaka 94.

Somo kwa walimu wa Kiswahili

Sisi nasi tuna milango yetu. Mkutano wa Mombasa wa mwaka 1928 uliteua Kiunguja kiwe msingi wa Kiswahili sanifu, na Kimvita, lahaja ya Muyaka na ya hazina kubwa ya ushairi, kikawekwa kando. Uteuzi huo ulikuwa na manufaa yake, lakini ulikuwa uteuzi wa watu wenye madaraka, haukuwa hukumu ya maumbile. Tangu mwaka 1985, Kiswahili kilipofanywa somo la lazima katika shule za Kenya, mamilioni ya watoto wa Kijaluo, Kikamba, Kikalenjin, Kisomali na wengineo wamekuja kwetu na ndimi za kwao. Tunawapokeaje?

Mara nyingi tunafanya kama O'Neal. Mwanafunzi anayekosea upatanisho wa ngeli na mwanafunzi anayetamka "shamba" kama "samba" tunawacheka kwa kicheko kimoja. La kwanza ni kosa la sarufi, na ni wajibu wetu kulisahihisha. La pili ni lafudhi, na madhali mtu anaeleweka, halipaswi kumnyima alama wala nafasi. Wale kati yetu tuliosomea shahada ya pili ng'ambo twajua jinsi mtu anavyonyamaza darasani baada ya kuombwa mara tatu arudie neno alilolitamka sawasawa.

Wala tusidhani kwamba lafudhi ikibaki sanaa hufa. Televisheni yetu ina mfano wake. Marehemu Benson Wanjau, aliyefariki mwaka 2015, alipendwa na Wakenya kwa miaka mingi katika Vitimbi kama Mzee Ojwang, kwa Kiswahili chenye lafudhi ya Kijaluo, naye hakuwa Mjaluo. Twaweza kubishana kama kicheko chake kiliwaheshimu Wajaluo au kiliwakejeli, na ubishi huo ni wa haki. Jambo lisilobishaniwa ni kwamba aliichagua lafudhi ile mwenyewe, kama chombo cha sanaa. Poitier hakupewa nafasi ya kuchagua: aliiacha ya kwao kwanza, ndipo mlango ukafunguliwa.

Hapo ndipo penye tofauti tunayopaswa kuifundisha. Mwanafunzi apewe Kiswahili sanifu kikamilifu, akijue hata aweze kukisema mbele ya mahakama, bungeni na jukwaani. Kumnyima hicho kwa kisingizio cha kuheshimu lugha yake ni kumdhulumu. Lakini apewe kama nyongeza ya sauti aliyokuja nayo. Yule mzee wa mkahawani alifundisha silabi na alama za mkato kwa subira, na katika masimulizi yote ya Poitier hakuna mahali anaposema kwamba mzee huyo alimcheka alivyotamka. Idara zetu zingefanya jambo la maana zikianza na mitihani ya kusema: zitenganishe alama za sarufi na alama za matamshi, zichunguze ni wanafunzi wa wapi wanaoshindwa na kwa sababu ipi, kisha matokeo yajadiliwe katika kurasa hizi.